Lucille Ball: Mume, Mimba na Mkataba



Ikitajwa televisheni ya Marekani, wengi wetu tunachofikiria mwanzo ni kukosa haya. Rimoti haiwekwi mbali, watoto wakiingia chumbani tu tunageuza chaneli. Sasa sikilizeni hili. Mwaka 1952, huko huko Marekani, kampuni kubwa ya utangazaji ya CBS ilikataza neno "mjamzito" lisitamkwe hewani. Kwenye michezo, mke na mume walioneshwa chumba chenye vitanda viwili vyembamba, kila mtu na chake. Mwigizaji akishika mimba, alifichwa nyuma ya meza au kiti, au akaondolewa kabisa mpaka azae. Aliyelipindua jambo hilo mbele ya nchi nzima ni mwanamke wa miaka 41 ambaye kabla ya hapo mimba zake zilikuwa zimeharibika zaidi ya mara moja, na ambaye aliingia kwenye televisheni kwa sababu moja tu: alitaka mumewe alale nyumbani.

Jina lake Lucille Ball. Simleti hapa ili tuige mavazi yake wala maisha yake yote. Namleta kwa ajili ya ile sababu, na kwa karatasi moja iliyotiwa saini njiani.

Alizaliwa tarehe 6 Agosti 1911 mji wa Jamestown, jimbo la New York. Baba yake alifariki kwa homa ya matumbo mwaka 1915, yeye ana miaka 3 na mama yake ana mimba. Alilelewa sehemu kubwa kwa babu na bibi. Alipofika kwenye miaka 15 mama alimpeleka New York kusoma uigizaji, na walimu wakamwandikia mama huyo kwamba anapoteza fedha zake. Binti aliona haya hata kusema. Akarudi kwao, kisha akaenda tena, safari hii akawa anavalishwa nguo za mshonaji mashuhuri Hattie Carnegie ili wateja matajiri wazione mwilini. Mwaka 1933 akaitwa Hollywood kuwa mmoja wa wasichana wa kupamba filamu, wale wanaosimama nyuma ya nyota wakitabasamu. Alikaa miaka karibu 20 kwenye filamu, nyingi zikiwa za gharama ndogo, na kampuni yake ya muda mrefu ilikuwa RKO. Likumbukeni jina hilo. Nywele zake, kwa taarifa yenu, hazikuwa nyekundu. Zilitiwa rangi mwaka 1942 alipohamia kampuni nyingine, naye hakuacha tena rangi hiyo hadi kufa kwake.

Mwaka 1940, kwenye filamu moja ya RKO, alikutana na Desi Arnaz. Kijana wa Cuba, mpiga ngoma na mwimbaji, mdogo kwake kwa miaka 6. Baba yake Desi alikuwa meya wa mji wa Santiago, na mapinduzi ya 1933 yaliwavua kila kitu. Walikimbilia Miami mikono mitupu, na Desi akaanza maisha upya kwa kazi za kijungujiko. Yeye na Lucille walioana tarehe 30 Novemba 1940 huko Connecticut, kwa haraka haraka, bila sherehe. Pete ilikuwa ya shaba, imenunuliwa Woolworth's, duka la vitu vya senti chache. Siku ileile wakarudi New York mbio kwa sababu bwana harusi alikuwa na onyesho jukwaani. (Na kwetu kuna posa zinazovunjika kwa uzito wa seti ya dhahabu.)

Niseme wazi, pete ya shaba haikuwa tatizo la ndoa ile. Tatizo lilianza siku ya kwanza, na lilikuwa lile onyesho la jioni. Desi alipiga muziki kwenye kumbi za usiku na kurejea alfajiri. Lucille aliamka alfajiri kwenda studio kupakwa poda. Walinunua shamba dogo Chatsworth, nje ya Los Angeles, wakaliita Desilu, jina la Desi na jina la Lucille kwa pamoja, lakini waliokaa humo zaidi walikuwa kuku na ng'ombe. Vita vikaja, Desi akaingia jeshini. Bendi yake ilipoanza tena safari, ikawa ni miezi na miezi. Na mwanamume mzuri mwenye gitaa, mbali na mkewe, kila usiku kwenye ukumbi wenye pombe na wanawake, sihitaji kuwaeleza zaidi. Mwaka 1944 Lucille alifungua kesi ya talaka, kisha wakapatana kabla haijakamilika. Mwaka 1949 walifunga ndoa mara ya pili, safari hii kanisani, kwa sababu Desi alikuwa Mkatoliki na ile ya kwanza ilikuwa ya serikali. Lucille alikuwa anatafuta mtoto na mimba hazikai. Watu wakikata tamaa na madaktari, hugeukia kwa Mola wao. Hilo halina taifa.

Wakati huo alikuwa na kipindi cha redio, My Favorite Husband, kilichoanza 1948, cha mke mcheshi anayemsumbua mume wake mfanyakazi wa benki. Kilipendwa, na CBS wakamwomba akihamishie kwenye televisheni, kitu ambacho ndiyo kwanza kilikuwa kinaingia majumbani. Lucille akatoa sharti moja. Mume wa kwenye kipindi awe mume wake wa nyumbani.

CBS wakakataa. Walisema Wamarekani hawataamini kwamba mwanamke kama yeye ameolewa na Mcuba mwenye lafudhi nzito. Jibu lake lilikuwa la mkato tu: mbona nimeolewa naye? Katika kiangazi cha 1950 wawili hao wakafunga mizigo na kuzunguka miji wakiigiza pamoja mbele ya watu, ili kuwaonesha wakubwa kwamba watu watacheka na hawatauliza pasipoti ya mume. Watu walicheka. CBS wakalegea.

Hapa ndipo mapenzi yalipoanza kugeuka biashara, na hapa nataka tutulie.

Televisheni ya Marekani wakati huo ilikuwa New York. Vipindi vingi vilirushwa moja kwa moja, mtu akikosea ndiyo amekosea. Waliokaa upande wa magharibi walioneshwa siku za baadaye nakala iliyopigwa kwa kuelekeza kamera ya filamu kwenye kioo cha televisheni, picha ikawa kama inaonekana kupitia chandarua. Mdhamini wa kipindi kipya, kampuni ya sigara ya Philip Morris, alitaka Lucille ahamie New York ili wateja wengi wa mashariki waone picha safi. Lucille hakutaka kuhama. Alikuwa mjamzito hatimaye, na binti yao Lucie alizaliwa Julai 1951, mama akiwa amebakisha wiki chache kufika miaka 40. Baada ya miaka 10 ya ndoa ya kupishana mlangoni, nyumba ilikuwa na mtoto na baba ndani yake. Ahamie wapi?

Desi akaja na ufumbuzi: kipindi kipigwe kwa filamu halisi, ileile ya sinema, Hollywood, mbele ya watazamaji waliokaa kwenye viti, kamera tatu zikifanya kazi kwa pamoja. Alimwita Karl Freund, mpigapicha mzaliwa wa Bohemia aliyekuwa amepiga filamu ya Metropolis huko Ujerumani, aje kutengeneza taa za kuzitosha kamera zote tatu bila kusimamisha mchezo kila baada ya dakika. Televisheni yao ilikuwa nyeupe na nyeusi, kwa hiyo hata jukwaa lilipakwa rangi za kijivu. Sisi Zanzibar tulipoanzisha televisheni yetu mwaka 1973 tulianza moja kwa moja na rangi, jambo ambalo siachi kujigamba nalo.

Filamu ilikuwa ghali kuliko kurusha moja kwa moja, na CBS na mdhamini wakalalamika. Desi akawaambia, tupunguzieni malipo yetu dola 1,000 kila wiki, lakini mikanda ikishaoneshwa iwe mali yetu, mali ya kampuni ya Desilu. Wakakubali kwa furaha. Mkanda ulioneshwa jana una thamani gani? Watu wameshauona. Wakatia saini.

Dada zangu, aya ndefu kuliko zote katika Qur'ani, iliyomo ndani ya Surat Al-Baqara, inahusu kuandika. Kuandika deni, na mwandishi, na mashahidi. Tunaisoma kila Ramadhani tukikhitimisha, kisha tunafungua duka la vitenge na mume au na wifi bila hata kipande cha karatasi, kwa kuwa "sisi ni watu wa nyumba moja". Desi na Lucille pia walikuwa watu wa nyumba moja.

Kipindi, I Love Lucy, kilianza Jumatatu tarehe 15 Oktoba 1951. Lucille aliigiza Lucy Ricardo, mke wa mwanamuziki wa Cuba, anayetaka kwa kila hila aingizwe kwenye maonesho ya mumewe. Pembeni yao walikuwa majirani wawili, walioigizwa na Vivian Vance na William Frawley. Miongoni mwa watunzi alikuwepo mwanamke, Madelyn Pugh, naye ndiye aliyekuwa akijaribu mwenyewe baadhi ya vituko kabla ya kumpa Lucille avifanye, kuhakikisha mwanamke anaweza kuvifanya bila kuvunjika. Watu hudhani vichekesho vile vilikuwa vya kubahatisha. Havikuwa. Lucille alirudia kitendo mpaka vidole vilikijua, na waliofanya naye kazi wanasimulia kwamba nyuma ya jukwaa hakuwa mcheshi hata kidogo. Alikuwa mkali.

Kisha, mwaka 1952, akashika mimba tena.

Kwa desturi ya wakati ule kipindi kilipaswa kusimama, au yeye afichwe. Desi na mtayarishaji Jess Oppenheimer wakasema hapana, Lucy Ricardo naye atakuwa mjamzito. CBS wakapinga, mdhamini akapinga. Desi akamwandikia barua mwenyekiti wa Philip Morris, Alfred Lyons: sisi ndio tumewapa kipindi kinachoongoza, mkitaka kutuchagulia cha kufanya, basi kuanzia sasa chagueni kila kitu na lawama mzibebe wenyewe. Pingamizi zikaisha mara moja. Ila walikubaliana masharti. Neno lenyewe halitatajwa, atasemwa kuwa "anatarajia". Na kila muswada utasomwa kwanza na kasisi wa Kikatoliki, mchungaji wa Kiprotestanti na rabi wa Kiyahudi. Watatu hao walisoma yote na hawakuona cha kukata.

Kipindi cha kwanza cha habari hiyo, Desemba 1952, hata jina lake walilitia kwa Kifaransa ili neno lisionekane kwa Kiingereza. Mimi silicheki jambo hili. Kiswahili chetu nacho kilitafuta stara kikasema "mja mzito", na mbele ya wakwe hatusemi "mimba" kwa sauti. Tofauti ni kwamba stara yetu ilikuwa ya neno, mwanamke mwenyewe hakutolewa nje. Mja mzito wetu alipikiwa, akasukwa, akatiwa mafuta, akapishwa kiti. Ya kwao ilikuwa kumfuta mwanamke mwenyewe, mpaka azae arudi amekonda. Ukiniuliza, haya ya kumficha mwanamke kwa sababu anafanya alichoumbiwa si haya, ni kitu kingine kilichoazima jina.

Ndani ya kipindi hicho Lucy anatafuta siku nzima nafasi ya kumwambia mumewe na haipati. Mwishowe anakwenda ukumbini anakoimba, na anamtumia ujumbe usio na jina kwamba kuna bibi anataka kumwambia mumewe wanatarajia mtoto, amwimbie. Mume anapita meza moja baada ya nyingine akitafuta wenye bahati, hadi anamfikia mkewe. Pale Desi alilia, na Lucille alilia, na machozi hayo hayakuwa kwenye muswada. Watu wawili waliozika matumaini mara kadhaa walikuwa wanaigiza furaha yao wenyewe. Mkanda ule uliachwa vilevile.

Daktari alishapanga kumzalisha kwa upasuaji, na siku yake ya upasuaji ilikuwa Jumatatu, siku ya kipindi. Jumatatu tarehe 19 Januari 1953, asubuhi, Lucille alijifungua mtoto wa kiume, Desi mdogo. Jioni ileile Lucy Ricardo alijifungua wa kiume kwenye televisheni, mkanda ukiwa umepigwa zamani. Watu wapatao milioni 44 walitazama, zaidi ya asilimia 70 ya nyumba zote zenye televisheni. Kesho yake Rais Eisenhower aliapishwa, na waliotazama walikuwa kama milioni 29. Utasoma mahali pengi kwamba huyu alikuwa mjamzito wa kwanza kuoneshwa kwenye mchezo wa televisheni Marekani. Si kweli. Mary Kay Stearns alitangulia mwaka 1948 na kipindi chake Mary Kay and Johnny, ila wakati ule nyumba zenye televisheni zilikuwa chache na mikanda karibu yote imepotea.

Hapo ndipo karatasi ile ilipoonesha thamani yake. Lucille alipokuwa akipumzika na kichanga, Desilu walirusha tena baadhi ya vipindi vya zamani. Wakubwa walitarajia watu wazime. Watu wakatazama, wengi wao kwa mara ya kwanza, maana kila mwezi televisheni mpya zilikuwa zinanunuliwa. Mama yuko arobaini, na mikanda inamfanyia kazi.

Mwaka huohuo mtangazaji mmoja wa redio alidokeza kwamba yeye ni mkomunisti, na siku zile tuhuma hiyo ilitosha kummaliza mwigizaji. Ukweli ni kwamba mwaka 1936 alijiandikisha kupiga kura kwa chama hicho ili kumfurahisha babu yake mzee aliyemlea, akalieleza hilo kwa kamati ya Bunge. Desi alisimama mbele ya watazamaji akawaambia kitu pekee chekundu kwa Lucy ni nywele, na hata hizo ni za dukani. Alinusurika. Wengi walioshitakiwa mfano wake hawakuwa na kipindi cha kwanza nchini cha kuwakinga.

Baada ya hapo mambo ya fedha yalikwenda mbio. Mwaka 1957 CBS, walewale walioiacha mikanda bure, waliinunua kwa takriban dola milioni 5. Mwisho wa mwaka huo Desilu walinunua studio za RKO kwa zaidi ya dola milioni 6. Zile zile alikosimama Lucille miaka kibao akilipwa mshahara, na alikomwona Desi kwa mara ya kwanza.

Na ndani ya nyumba? Alichokitaka amekipata: mume na mke, mlango mmoja, kazi moja. Kumbe safari za bendi zilikuwa nusu tu ya maradhi. Desi sasa alikuwa anaendesha kampuni kubwa ya utengenezaji wa vipindi, na uzito wake aliushusha kwa pombe. Wanawake hawakukoma. Mke na mume walikaa jengo moja mchana kutwa wakigombana, kisha taa zikiwashwa wanakuwa Lucy na Ricky wanaopendana. Kipindi chao cha mwisho pamoja kilipigwa tarehe 2 Machi 1960, siku Desi alipotimiza miaka 43. Kinamalizika kwa kukumbatiana. Tarehe 3 Machi Lucille alipeleka ombi la talaka mahakamani.

Katika sheria yetu mali ya mke ni yake, alichochuma ni chake, na Bibi Khadija (r.a.) alikuwa mfanyabiashara kabla na baada ya kuolewa. Marekani ya wakati ule haikumpa mwanamke utulivu huo. Hadi sheria ya 1974, benki iliweza kumnyima mke mkopo asipoleta saini ya mume. Lucille hakutoka mikono mitupu kwa sababu hisa ziliandikwa kwa jina lake tangu mwanzo. Mwaka 1962 alizinunua hisa za Desi kwa dola kati ya milioni 2.5 na 3, akakaa kwenye kiti chake. Alikuwa mwanamke wa kwanza kuongoza studio kubwa ya namna hiyo. Hakupenda uongozi, alipenda jukwaa, lakini aliuongoza.

Katika miaka yake Desilu ilitengeneza Mission: Impossible na Star Trek, hii ya pili ikiwa ghali kiasi cha kuwatia hofu baadhi ya wakubwa wenzake. Humo ndani ya chombo cha anga kuna afisa mwanamke Mweusi, aliyeigizwa na Nichelle Nichols, anaitwa Uhura. Ndiyo, ni letu. Limetokana na neno uhuru, kwa kuwa siku ya usaili Nichols alikuwa na kitabu chenye jina hilo mkononi. Kwa hiyo neno la Kiswahili lilifika kwenye televisheni ya Marekani mwaka 1966 kupitia studio iliyopewa jina la shamba la mke na mume.

Mwaka 1967 aliiuza kampuni kwa dola milioni 17. Alikuwa ameshaolewa tena tangu Novemba 1961, na Gary Morton, mchekeshaji, ndoa iliyodumu hadi Lucille alipofariki Aprili 1989. Desi naye alioa tena. Watoto wanasimulia kwamba wazazi wao walielewana zaidi wakiwa wameachana.

Tarehe 30 Novemba 1986 Desi alikuwa kitandani kwa saratani ya mapafu, anauguzwa na binti yao. Lucille alipiga simu, na Lucie akamwekea baba yake simu sikioni. Walizungumza maneno machache. Siku hiyo ingekuwa miaka 46 tangu ile pete ya shaba. Desi alifariki tarehe 2 Desemba.